Tarehe 19 Mei ni ya Nani?

(Maneno yaliyosomwa mbele ya wanachama na wenyeji wa Kingamyambo, Kolwezi. Tunayachapa kwa kuwa wengi walisimama mbali na hawakusikia vizuri.)



Tumewaita tuzungumze habari ya siku moja tu ya kalenda. Mzee mmoja alituuliza njiani, siku moja ina maneno gani hata watu wakalishwe saa nzima juani? Tulimjibu aje asikie. Amekuja, amekaa pale mbele, na tunamshukuru.

Siku yenyewe ni tarehe 19 Mei. Wazee wa hapa hawana haja ya kuelezwa, lakini vijana wengi hawajui, basi tuwaambie. Ilikuwa Ijumaa, mwaka 1978, zamani za Mobutu, wakati nchi ikiitwa Zaire na mkoa wetu ukiitwa Shaba. Tangu alfajiri ya Jumamosi iliyotangulia, tarehe 13, mji wa Kolwezi ulikuwa mikononi mwa watu wa FNLC, jeshi la Nathaniel Mbumba, waliotoka Angola wakapitia Zambia. Hawakuwa wageni kabisa watu hao. Wengi walikuwa askari wa zamani wa Tshombe, ama watoto wao, waliokimbilia Angola baada ya Katanga ya kujitenga kwisha mwaka 1963. Na kumbukeni kwamba mwisho wa Katanga ile ulikuwa hapa hapa Kolwezi, mji wa mwisho ambao askari wa Umoja wa Mataifa waliuingia mwezi wa Januari mwaka ule. Kwa hiyo waliorudi mwaka 1978 na bunduki walirudi kwao. Jambo hilo haliwapunguzii hatia ya damu waliyoimwaga, ila linaonyesha kwamba ugomvi wa wakubwa ukiachwa bila kutengenezwa, hurithiwa na watoto.

Siku sita watu walikaa ndani. Alasiri ya Ijumaa ile ndege zikaonekana, na miavuli ikajaa mbinguni. Walioruka walikuwa Legioni ya Ufaransa, kikosi cha pili cha miavuli chini ya Kanali Erulin, watu kama mia nne kwanza, na wengine wakafuata kesho yake alfajiri. Siku hiyo ya pili Wabelgiji nao walishuka kwenye kiwanja cha ndege. Wazungu wakachukuliwa wakapelekwa kwao. Wenyeji tukabaki na maiti zetu na jua.

Hiyo ndiyo 19 Mei ya Kolwezi. Sasa tufungue almanaka, tuone siku hiyo ina watu gani wengine. Almanaka za Wazungu hutaja kwanza malkia mmoja aliyekatwa kichwa London mwaka 1536. Huyo tumwache, ana watu wake wa kumlilia. Husema pia kwamba siku hiyo mwaka 1919 Mustafa Kemal alishuka pwani ya Samsun kuanza vita ya kuikomboa Uturuki. Lakini wako watatu ambao hatuwezi kuwapita, maana habari zao zinafika mpaka mlangoni petu.

Wa kwanza ni Ho Chi Minh wa Vietnam. Siku ya kuzaliwa kwake huadhimishwa tarehe 19 Mei, na mwaka unaotajwa ni 1890. Mtu huyu alipokuwa kijana alifanya kazi melini, akaona bandari za Afrika, na huko Paris akaandika juu ya mateso ya watu weusi kana kwamba ni ndugu zake. Mwaka 1954, mwezi huo huo wa Mei, jeshi lake lililoongozwa na Jenerali Giap liliwashinda Wafaransa mahali paitwapo Dien Bien Phu. Miongoni mwa vikosi vya Kifaransa vilivyomalizika pale vilikuwamo viwili vya miavuli vya Legioni, na cha pili kati ya hivyo ndicho mzazi wa kikosi kilichoruka Kolwezi. Kikosi kilichovunjwa na watu wa Ho Chi Minh kilipata sifa yake mpya juu ya vichwa vyetu, katika siku ya kuzaliwa kwake Ho Chi Minh. Hatusemi kwamba nyota zilipanga mambo hayo. Siku za mwaka ni 365, na mambo ya dunia hayahesabiki. Hayana budi kugongana. Lakini mtu akigongana na jirani yake sokoni, si vibaya amtazame usoni.

Wa pili ni José Martí wa Kuba. Yeye hakuzaliwa siku hiyo. Aliuawa vitani, mahali paitwapo Dos Ríos, tarehe 19 Mei 1895, akipigana na Wahispania kwa uhuru wa nchi yake. Kuba nayo iliingia katika habari zetu: katika mwezi ule ule wa Mei 1978 Rais Carter wa Marekani aliwashtaki Wakuba waliokuwa Angola kwamba ndio waliowafundisha wavamizi wa Shaba, na Castro akakana. Hayo tuyapite upesi, maana wa tatu ndiye aliyetufanya tuite mkutano huu.

Naye ni Malcolm X. Alizaliwa tarehe 19 Mei 1925 katika mji wa Omaha, Marekani. Lumumba wetu alizaliwa tarehe 2 Julai mwaka huo huo, kule Onalua. Wamepishana siku 44 tu, mmoja ng'ambo ya bahari na mwingine Sankuru. Hawakuonana kamwe. Lumumba aliuawa katika ardhi hii ya Katanga usiku wa tarehe 17 Januari 1961, pamoja na Mpolo na Okito, na Malcolm hakuacha kumtaja mpaka naye alipouawa tarehe 21 Februari 1965. Alizunguka Afrika mwaka 1964, akafika Dar es Salaam, akaonana na Nyerere.

Sasa sikilizeni vizuri. Tarehe 24 Novemba 1964 askari wa miavuli wa Ubelgiji waliruka Stanleyville, ambayo leo ni Kisangani, kutoka katika ndege za Marekani. Wakati huo mkuu wa serikali yetu alikuwa Tshombe yule yule. Simba walikuwa wamewashika Wazungu wengi mjini, na sababu iliyotangazwa ilikuwa kuwaokoa. Malcolm alisimama New York akauliza swali ambalo wengi hawakupenda kulisikia: mbona magazeti yanalia kwa ajili ya Wazungu waliokuwa mateka, na hayana hata chozi moja kwa vijiji vya Wakongo vilivyopigwa mabomu na ndege zilizoendeshwa na Wakuba waliomkimbia Castro? Hakusema kwamba roho ya Mzungu si kitu. Aliuliza kwa nini mizani ile ina upande mmoja tu.

Alikuwa amekwisha kufa miaka 13 Kolwezi ilipopata siku yake, nayo ikawa siku ya kuzaliwa kwake, na mizani ikawa ile ile. Sisi tumezisoma hesabu zilizoandikwa juu ya Mei 1978. Askari wa Legioni waliokufa ni 5. Kila mmoja ana jina, cheo na tarehe. Wazungu waliouawa walipita 100, na hayo yalikuwa mauaji mabaya. Wazee walioona ile nyumba ya P2 hawataki kuisema mpaka leo, nasi hatutawalazimisha. Waafrika je? Hesabu inayotajwa mara nyingi ni 700. Mia saba kamili, ndugu! Nani alipata kuona watu wakafa kwa mia kamili, kama magunia ya unga dukani? Hesabu ya namna hiyo maana yake hakuna aliyehesabu. Mwaka 1980 Wafaransa walitengeneza sinema juu ya jambo hili, ya Raoul Coutard, na jina lake kwa lugha yetu ni kama kusema "Legioni Yaruka Juu ya Kolwezi". Katika jina hilo wenye kutenda ni Legioni. Kolwezi ni mahali pa kukanyaga tu.

Lakini tusilie juu ya Wafaransa peke yao. Wao wanawakumbuka watu wao, na kila mtu ana haki ya kuwakumbuka watu wake. Swali ni letu sisi. Serikali ya Mobutu haikupenda wafu wale wahesabiwe, maana wengine walikufa mikononi mwa wavamizi, wengine katika mapigano, na wengine mikononi mwa askari wa serikali yenyewe. Siku iliyofuata, 20 Mei, ilikuwa sikukuu ya chama chake, MPR, kilichozaliwa mwaka 1967. Kwa muda wa miaka mingi tulipigishwa makofi na kuchezeshwa ngoma tarehe 20, hata tukaisahau tarehe 19. Serikali ile ilianguka mwaka 1997. Tangu hapo kinywa chetu kimefungwa na nani?

Tunafikiri jambo hili lina mzizi wa zamani zaidi, nao ni namna tulivyofundishwa kuziona tarehe kuwa mali ya bwana. Mwishoni mwa miaka ya 1920 Union Minière ilianza kuwataka wafanyakazi wakae kambini pamoja na wake zao, ili watoto wazaliwe pale na kuwa wafanyakazi wa kesho. Mtoto wa kambi alipimwa kwa mizani na kuandikwa siku yake, maana kampani ilihitaji kujua lini atafika umri wa kazi. Mtoto wa kijijini hakuwa na haja hiyo machoni pao. Alipokuja mjini mtu mzima, karani alimtazama meno na mvi akaandika: alizaliwa "kadiri ya mwaka 1925". Wangapi hapa wana karatasi ya baba yenye neno hilo "kadiri"? Tunaona mikono mingi.

Hata Ho Chi Minh alikuwa na "kadiri" yake. Katika karatasi za ujana wake aliandika miaka mbalimbali ya kuzaliwa, na sikukuu ya 19 Mei ilianza kuadhimishwa mwaka 1946, alipokuwa amekwisha kuwa mkuu wa nchi. Watu wake hawakungoja Mfaransa awape tarehe. Walishika moja wakaifanya yao.

Na msidhani kwamba "kadiri" ni mambo ya mababu tu. Tarehe 27 Juni 2019 shimo liliporomoka hapa Kolwezi, likafukia wachimbaji wa mikono, wakafa zaidi ya 40. Siku zile hesabu iliyotangazwa ilibadilika mara kwa mara. Mtu asiye na cheti cha kuzaliwa ni vigumu hata kumthibitisha kwamba amekufa; mjane wake akienda kudai chochote huambiwa alete karatasi ambayo haikuandikwa kamwe. Sheria yetu ya mwaka 2009 ya kulinda watoto inasema mtoto aandikishwe katika siku 90 tangu kuzaliwa. Akina mama mlio na watoto wachanga migongoni, hesabuni siku hizo leo jioni. Mkikuta hazijapita, nendeni komini Jumatatu, nasi tutatoa watu wawili wa kuwasindikiza, wasije wakawarudisha kwa maneno ya njoo kesho.

Sasa ile kazi yenyewe. Aliyekuwa kijana wa miaka 20 mwaka 1978 amekwisha kupita 65. Kila msimu wa mvua tunawazika waliokuwa mashahidi. Basi kamati imenunua daftari, ndilo hili, la kurasa 200, na tutaandika ndani yake wafu wa Kolwezi wa mwezi ule, mmoja mmoja: jina, mahali alipokuwa akikaa, kazi yake, na siku aliyokufa. Asiyejua tarehe asione haya. Aseme kama wazee wetu walivyokuwa wakisema: siku ya risasi za kwanza, usiku ule maji yalipokatika, kabla ya miavuli, baada ya miavuli. Tutaandika hivyo hivyo alivyosema, na mwaka ujao tutakaa na almanaka tuzipange.

Hatutauliza risasi ilitoka kwa nani. Jambo hili lilizua maneno makali ndani ya kamati. Wengine walisema daftari lisilomtaja muuaji ni nusu ya kazi, na huenda wana haki. Lakini tuliona kwamba tukiuliza hilo leo, nusu ya watu waliokaa hapa watainuka waende zao, maana yako majumba ambamo mtoto mmoja alikuwa na Mbumba na mwingine alikuwa askari wa Mobutu, na mama yao ni mmoja. Kwanza tuwapate wafu. Jina la mtoto wa miezi mitatu litaandikwa sawasawa na la mtu mzima. Na asiyepewa jina bado ataandikwa kwa jina la mama yake. Wazungu waliouawa ambao wenyeji wanawakumbuka, mwalimu ama daktari ama jirani, nao waandikwe, kwa kuwa walikufa katika mji wetu.

Karani amekwisha kukaa pale chini ya mwembe, na kalamu mbili anazo. Akina mama wajane watatangulia, kisha wazee wa Musonoi ambao wamekuja kwa miguu na njia ya kurudi ni ndefu. Wengine mpange mstari upande wa kivuli.