Wasioonekana Pichani



Sisi wa Ngulyati tu jirani wa Serengeti. Filamu iliyoitangaza nchi hiyo duniani mwaka 1959 ilitengenezwa na Mjerumani Bernhard Grzimek na mwanawe Michael, aliyefariki katika ajali ya ndege mwaka huohuo. Kati ya mwaka 1966 na 1969 Grzimek akapeleka sokwe katika kisiwa cha Rubondo, Ziwa Viktoria. Walitoka Ulaya, wengi wao wakiwa wamekaa vizimbani miaka mingi. Walifunguliwa bila kufundishwa namna ya kuishi msituni. Wakajitafutia matunda, wakajenga vitanda vyao mitini, wakazaa. Uzao wao ungali humo.

Katika filamu za Rubondo twaona msitu mzito, tai juu ya maji, nzohe kwenye matete, viboko, na fukwe zisizo na mtumbwi hata mmoja. Macho hufurahi, na ni haki yafurahi, kwani hiyo ni kazi ya Muumba.

Lakini fukwe hizo zilikuwa na mitumbwi. Kabla ya sokwe kufika, wavuvi waliishi humo na jamaa zao. Serikali ikawahamishia visiwa vya jirani na nchi kavu. Mwaka 1977 kisiwa kikawa hifadhi ya taifa. Hatusemi msitu ungeachwa ukatwe. Sisi tunaochunga ng'ombe karibu na mpaka wa hifadhi twajua uzito wa jambo hili pande zote mbili.

Basi katekista atakayewaonyesha watoto filamu ya kisiwa kile awasimulie pia habari za wavuvi wale.