Kodi ya Nyumba Yako Mwenyewe: Mhadhara wa Umma Kuhusu Gharama Halisi ya Mkopo wa Nyumba



Kuna kauli moja niliyoisikia kwenye makongamano ya makazi hadi nimeichoka. Mzungumzaji hushika kipaza sauti, huwatazama wanabenki waliokaa mbele, husema: "Tatizo la mikopo ya nyumba nchini kwetu ni muda mfupi. Turefushe muda, mwalimu na nesi watapata nyumba." Watu hupiga makofi. Mara ya mwisho aliyesema hivyo alikuwa mwanataaluma mwenzangu ninayemheshimu sana, na makofi yalikuwa mengi kuliko kawaida. Mhadhara huu ni jibu langu kwake, na ninamshukuru kwa kunikera.

Historia mnaijua, siirudii. Benki ya Nyumba ilizaliwa 1972 ikafa 1995. Ikafuata miaka ambayo mkopo wa nyumba ulikuwa hadithi tu, kisha sheria ya 2008, kisha Kampuni ya Tanzania ya kuzikopesha upya benki zinazotoa mikopo ya nyumba, TMRC, mwaka 2010. Tangu hapo riba imeshuka kutoka juu ya asilimia 20, na muda wa marejesho umepanda kutoka miaka 5 au 10 hadi 20, hata 25. Kushuka kwa riba ninakushangilia. Huko kupanda kwa muda ndiko kulikonileta hapa.

Tuchukue mkopo wa shilingi milioni 100 kwa riba ya asilimia 17 kwa mwaka, inayotozwa kwenye salio. Ni riba iliyomo ndani ya viwango vilivyozoeleka katika soko letu. Ukilipa kwa miaka 10, rejesho lako la mwezi ni takriban shilingi 1,738,000. Kwa miaka 15 linakuwa 1,539,000. Kwa miaka 20, 1,467,000. Kwa miaka 25, 1,438,000. Ombi langu ni moja: msiangalie rejesho lenyewe, angalieni tofauti. Miaka 5 ya mwisho, ile ya kutoka 20 kwenda 25, inakupunguzia shilingi 29,000 kwa mwezi. Kwa ajili ya shilingi 29,000 umejifunga miezi 60 zaidi, na kila mwezi kati ya hiyo unadaiwa zaidi ya milioni moja na laki nne.

Mwenzangu atasema: basi turefushe zaidi, miaka 40. Sawa. Nampa miaka mia. Nampa milele. Riba ya mwezi wa kwanza kwenye milioni 100 ni shilingi 1,416,667, na rejesho lolote lililo chini ya hapo halilipi hata riba, achilia mbali deni. Hiyo ndiyo sakafu. Mkopaji wa miaka 20 amesimama shilingi 50,000 tu juu yake. Ukimpa umilele mzima, utampunguzia shilingi 50,000.

Na hizo 50,000 ndizo peke yake zinazopunguza deni katika mwezi wa kwanza. Nyingine zote ni riba. Baada ya miaka 5 atakuwa amelipa milioni 88, na salio lake litakuwa milioni 95. Baada ya miaka 10 atadaiwa bado milioni 84. Nusu ya deni la msingi ataimaliza baada ya miaka 16 na mwezi mmoja hivi. Mtoto aliyezaliwa siku mkataba unasainiwa atakuwa yuko sekondari, na mzazi wake hajavuka nusu ya njia.

Imani hii ya muda imetoka wapi? Imetoka nchi ambako ni kweli. Kwa riba ya asilimia 4, milioni zile zile 100 zinahitaji rejesho la 1,012,000 kwa miaka 10, na 477,000 kwa miaka 30. Hapo muda umekata mzigo kwa zaidi ya nusu. Marekani ilipounda shirika lake la dhamana ya mikopo ya nyumba mwaka 1934, ikawatoa watu kwenye mikopo ya miaka michache iliyodai deni lote kwa mkupuo mwishoni, ilifanya jambo la maana kwa sababu riba yake iliruhusu. Sisi tumeiga urefu wa muda bila kuiga riba. Kenya walipoanzisha kampuni yao ya aina ya TMRC, iitwayo KMRC, mwaka 2018 angalau walianzia upande sahihi: walitafuta fedha za bei nafuu ili mkopaji wa mwisho atozwe riba ya tarakimu moja. 

Sasa mniruhusu niende Unguja. Wanaonijua walikuwa wakisubiri nifike huko.

Ninazipenda hati za khiyari za karne ya 19 kuliko maandishi mengine yoyote ya kiuchumi ya pwani yetu. Mwanahistoria Thomas McDow ameziandikia kitabu kizima, Buying Time, kilichotoka 2018, na ningependa kila mwanafunzi wa fedha akisome kabla hajafundishwa kubonyeza kikokotoo. Mambo yalikuwa hivi. Mwenye shamba la karafuu anahitaji fedha. Riba ni haramu, kwa hiyo hakopi, anauza. Karatasi inasema fulani bin fulani amemuuzia fulani shamba lake mahali fulani, mipaka yake upande huu ni shamba la fulani, upande ule ni njia, kwa riali kadhaa za fedha, na kwamba muuzaji ana khiyari ya kulirudisha shamba lake akizilipa riali zile zile ndani ya muda waliokubaliana. Kisha, na hapa ndipo utamu ulipo, muuzaji haondoki. Anabaki kwenye shamba lile lile, anachuma karafuu zile zile, na kila msimu anampelekea mnunuzi kodi.

Tazama kilichofanyika. Kodi ile ni riba iliyovishwa kanzu. Inalipwa mwaka hadi mwaka, na haipunguzi hata riali moja ya bei ya kulikomboa shamba. Ukilipa kodi miaka mitano, kiasi cha kukomboa ni kile kile. Ukilipa miaka kumi, ni kile kile. Mwenye shamba alikuwa mpangaji katika mali yake mwenyewe hadi siku atakapopata fedha za mkupuo, na wengi hawakuzipata. Bei ya karafuu ilipoanguka katika mdororo wa miaka ya 1930, deni la mashamba lilikuwa jambo la serikali. Wachunguzi wawili, Bartlett na Last, walitumwa kulichunguza mwaka 1933, na mwaka uliofuata zikaja sheria za kuzuia mashamba ya Waarabu na Waafrika yasihamie kwa wakopeshaji wa jamii nyingine bila kibali.

Kwa nini ninakaa sana kwenye hati hizi? Kwa sababu mkopo wa miaka 20 kwa asilimia 17, katika muongo wake wa kwanza, una umbo lile lile la khiyari. Unalipa kodi ya nyumba yako mwenyewe na bei ya kuikomboa karibu imesimama. Tofauti ni kwamba mtu wa khiyari alijua. Karatasi ilimwambia waziwazi kwamba hii ni kodi na ile ni bei ya ukombozi. Mkopaji wetu anaambiwa namba moja tu, rejesho, na ndani yake vyote viwili vimechanganywa.

Mpwa wangu ni nesi Morogoro. Alikuja nyumbani na bahasha ya kaki yenye barua ya ofa kutoka benki moja, ambayo hainipi faida kuitaja. Mkopo: milioni 40, miaka 20, asilimia 17. Alikuwa amepiga mstari wa njano sehemu moja tu, rejesho la shilingi 586,700. "Shikamoo mjomba," akasema, na kabla sijaitikia vizuri akaniwekea karatasi mezani. "Hili naliweza."

Nikamwuliza jedwali la marejesho liko wapi. Hakuwa nalo. Aliliomba dirishani, akaambiwa litatoka akishasaini. Basi tukalitengeneza wenyewe kwenye kompyuta, mistari 240, safu nne: rejesho, riba, deni la msingi, salio. Akateremsha kidole kwenye safu ya salio hadi mstari wa 60, akanyamaza kidogo, akapanda nacho juu, akateremka tena.

"Mjomba, nimetoa milioni 35, na deni halijapungua hata milioni mbili?"

"Ndiyo."

"Sasa zimekwenda wapi?"

Na hapo hatukuwa tumegusa mengine yaliyomo kwenye barua ile kwa maandishi madogo: ada ya mkopo, gharama za mthamini, ada ya kusajili rehani, bima ya maisha, bima ya moto, na kifungu kinachoiruhusu benki kubadili riba kwa taarifa tu.

Nataka kuwa mwadilifu, maana wapo wanaovuka upande wa pili. Mitaani watu wanakwambia mkopo wa milioni 100 unalipwa milioni 352, kwa hiyo ni nyumba tatu na nusu, kwa hiyo ni wizi. Hesabu ya kujumlisha ni sahihi. Hitimisho si sahihi. Shilingi ya mwaka wa 20 si shilingi ya leo. Ukichukua mfumuko wa bei wa asilimia 4, marejesho yale yote yana thamani ya takriban milioni 242 za leo. Bado ni nyingi, ila si 352. Waliokopa Benki ya Nyumba miaka ya 1980, mfumuko ukiwa karibu asilimia 30 na riba ikiwa chini yake, walipewa nyumba karibu bure, na sehemu ya bili ile ililipwa na benki yenyewe kwa kufa. Pia mshahara hupanda, na rejesho linaloumiza leo huwa jepesi miaka 12 ijayo. Kiwanja nacho hupanda bei. Na wanaojenga kidogo kidogo, tofali juu ya tofali, nao wanalipa gharama isiyoandikwa popote: kodi ya kupanga wakati wanajenga, saruji inayopanda bei, fedha iliyolala kwenye msingi unaoota majani. Haya yote nimeyapima. Yana uzito.

Lakini tangazo la "lipa kama kodi, miliki nyumba" sikubaliani nalo hata kidogo. Mimi sijaona nyumba ya milioni 100 inayopangishwa milioni moja na laki nne na nusu kwa mwezi. Mwenye kuijua anionyeshe, nitamtafutia wapangaji.

Sasa nifike kwenye msimamo wangu, ambao wanafunzi wangu wanaujua na baadhi wanaucheka: kwa riba zetu za sasa, mtu asikope nyumba kwa zaidi ya miaka 10. Mpwa wangu alinijibu pale pale kwamba kwa miaka 10 rejesho la milioni 40 ni 695,000. Ana makato ya Bodi ya Mikopo ya Wanafunzi, na sharti la kubakiza theluthi ya mshahara haliruhusu. Ni kweli. Hili ndilo pingamizi zito kuliko yote, na sikulipata kwenye jarida.

Nikampa hesabu moja ya mwisho, na ndiyo ningependa mwenzangu wa kongamano aiandike. Chukua rejesho lile lile analoliweza, 586,700, ulilipe kwa miaka 10 badala ya 20. Linabeba mkopo wa milioni 33.8. Kwa hiyo miaka 10 ya pili yote, yenye marejesho ya milioni 70, inamwongezea mkopo wa milioni 6.2. Nimeiteremsha hata milioni 70 ile hadi thamani ya leo, nisije nikafanya kosa la watu wa mtaani: ni milioni 39. Analipa 39 za leo kupata 6.2 za leo. Chumba kimoja, pengine na choo cha ndani.

Ninachoiomba Benki Kuu si kubwa. Kila barua ya ofa iwe na jedwali lote kabla ya saini, na chini ya rejesho uchapwe mstari mmoja: kwa rejesho hili hili ndani ya miaka 10, ungeweza kukopa kiasi gani. Kenya wamekwenda mbali zaidi kwa mkopo uliokwama; tangu 2007 kifungu cha 44A cha sheria yao ya benki kinazuia riba isizidi deni la msingi lililobaki mkopo ulipokwama. Mimi naomba mstari tu.

Mpwa wangu alisaini ya miaka 20. Alisema watoto wanakua sasa, hawatasubiri riba ishuke, na chumba cha tatu anakihitaji mwaka huu, si wakati mjomba atakapokuwa ameridhika na jedwali lake. Yumo ukumbini, safu ya tatu, na amenyoosha mkono tangu nilipotaja choo cha ndani. Mwenyekiti, naomba aanze yeye.