Maneno Yetu kwa Wanachama wa Shanzu Juu ya Kitabu cha Uhamiaji



Sisi watu wa reli hatuwezi kumcheka mgeni. Reli hii, tangu 1896, ililazwa na vibarua walioletwa kwa maelfu toka Bara Hindi. Leo twataka kusema juu ya kitabu kimoja tu: Sheria Namba 12 ya mwaka 2011, ya uraia na uhamiaji.

Watazameni Wamakonde wa Kwale. Wazee wao walitoka Msumbiji wakaja kukata mkonge na miwa. Watoto wakazaliwa hapa, wakakosa vitambulisho. Na bila kitambulisho, ndugu, hupati kazi ya mshahara wala hufungui akaunti benki. Kifungu cha 15 kilisema kwamba mtu asiye na nchi, aliyekaa Kenya tangu 12 Desemba 1963, aweza kuomba uraia ikiwa ajua Kiswahili au lugha ya hapa. (Kiswahili wakijua kutushinda baadhi yetu!) Lakini muda wa kuomba ulikuwa miaka 5, na Waziri aliweza kuongeza 3. Muda huo hupita upesi kwa mtu asiyeweza kusoma kitabu cha Kiingereza. Oktoba 2016 walitembea kwa miguu toka Kwale mpaka Nairobi, ndipo Rais akaamuru waandikishwe. Wapemba, wavuvi wa pwani yetu, walingoja mpaka 2023.

Kwa hiyo twaomba chama kiweke nakala ofisini, na kila Jumamosi mwenye Kiingereza atusomee kwa Kiswahili. Mwenye jirani asiye na kitambulisho na aje naye.