Nyumba inakula ngapi mpaka siku ya mwisho ya deni

Maneno yaliyosemwa mbele ya mkutano wa wanachama, Kolwezi. Tunayaandika karibu yote namna yalivyosemwa, kwa ajili ya wale ambao hawakufika na kwa wafadhili wetu.



Niliombwa kusema kidogo juu ya kredi ya nyumba. Sababu munaijua: kuko barua mezani. Wanachama tisa wanataka kununua nyumba kwa mkopo wa benki, na wanaomba sanduku la chama lisimame mdhamini wao. Sanduku lile njo linalipa hospitali na vilio, na sehemu ya feza zake ilitumwa na watu walio mbali ambao wanatuamini. Kabla ya kupiga kura, tuhesabu pamoja.

Mimi si mtu wa benki. Mimi nilikuwa mdeni. Nilirudi kutoka Johannesburg mwaka 2016 na dola 10,000 na nguo za watoto. Kolwezi ilikuwa moto wakati ule. Bei ya kobalti ilikuwa inapanda, mpaka mwezi wa tatu 2018 tani moja ilipita dola 90,000, na kila mtu aliyekuwa na gari au leseni ya kuendesha alipata kazi. Nikapata kazi kwa kampuni moja ya kubeba mizigo ya mines. Mwezi wa kwanza 2017 nikaona nyumba kule Manika, vyumba vitatu, mabati mapya, kisima ndani ya parseli. Bei: dola 50,000. Nilitoa 10,000 zangu, benki ikatoa 40,000, kwa miaka 10, riba 15 kwa mia kwa mwaka.

Kijana wa benki aliniambia, "Papa, utalipa tu 645 kwa mwezi." Nilipiga hesabu ya mshahara, nikaona 645 inaingia. Nikatia sahihi. Sikuuliza swali lingine hata moja, na mke wangu aliyekaa pembeni alinikanyaga mguu mara mbili.

Swali nililopaswa kuuliza ni hili: siku ya mwisho nitakuwa nimetoa ngapi? Chukueni 645 mara miezi 120. Inapita dola 77,400. Ongeza 10,000 za mwanzo, inapita 87,400. Na bado hatujahesabu makaratasi. Mimi nililipa feza ya kufungua dosie, mtu wa kupima bei ya nyumba, notari, kuandikisha ipoteki kwa konservateri wa hati za ardhi, na asiransi ya kifo. Jumla 2,900. Basi nyumba ya 50,000 ilikuwa nyumba ya 90,000. Hakuna mtu aliyenidanganya. Yote ilikuwa kwenye karatasi, kwa Kifaransa, ukurasa wa sita.

Sasa angalia namna riba inakula. Riba ya mwezi inahesabiwa juu ya deni linalobaki. Mwezi wa kwanza deni ni 40,000, riba ya mwezi ni dola 500. Katika zile 645 nilizolipa, 500 zilikwenda kwa riba na 145 tu zilipunguza deni. Mwezi wa pili riba ilishuka kwa dola moja na kitu. Ni vile, pole pole sana. Baada ya miaka mitatu kamili, malipo 36 bila kuchelewa hata moja, nilikuwa nimelipa zaidi ya dola 23,200. Unafikiri deni lilibaki ngapi? 33,443. Miaka mitatu ya kuamka saa tisa usiku ilipunguza deni kwa dola 6,557.

Wengi wenu hapa mumekaa Brussels, Liège, wengine Paris, na munasema: "Lakini kule kila mtu ananunua nyumba kwa kredi ya miaka 20, na maisha inaenda." Ni kweli. Kule wengine walipata riba ya 3 kwa mia, au chini. Dola 40,000 kwa 3 kwa mia, miaka 20, unalipa karibu 222 kwa mwezi, na mwisho jumla ni kama 53,200. Chukua miaka 20 ile ile kwa 15 kwa mia: malipo ya mwezi ni 527, na jumla inapita 126,000. Deni ni lile lile, miaka ni ile ile. Kule riba inakula 13,000, huku inakula 86,000. Kwa hiyo ule mwenendo wa Ulaya wa kurefusha miaka ili kupata nafuu, ukiuleta huku katika sanduku lako pamoja na mablanketi, utakuumiza.

Na kurefusha ndiko kunatushika, kwa sababu kunapendeza macho. Kwa miaka 5 ningelipa 952 kwa mwezi, jumla 57,100. Miaka 10, 645, jumla 77,400. Miaka 15, 560, jumla 100,800. Miaka 20, 527. Angalieni hizo mbili za mwisho. Ili kupunguza dola 33 kwa mwezi, bei ya katoni chache za vitu vya mtoto, unaongeza zaidi ya dola 25,000 mwishoni. Lakini mtu aliyeshikwa na hamu ya nyumba anaona zile 33 tu.

Neno lingine dogo. Kuko wakopeshaji wanaosema, "Sisi hatuombi 15, tunaomba 10." Uliza: 10 juu ya nini? Kama ni juu ya deni linalobaki, vizuri. Kama ni riba ya kusimama, yaani kila mwaka 10 kwa mia ya zile 40,000 za mwanzo hata kama umekwisha lipa nusu, basi riba ya miaka 10 ni 40,000 kamili, na unalipa 667 kwa mwezi. Hiyo "10" ni ghali kuliko "15" yangu. Nimeona watu watatu hapa chamani wakiingia mlango huo, na wote watatu wana diplome.

Nirudi kwa hadithi yangu, maana haikuisha. Kobalti ilianguka. Mwisho wa 2019 Mutanda ikasimama, na waliosimama nayo hawakuwa tu wale wenye badge ya kampuni; walikuwa wabebaji, wapishi, walinzi, wenye kukodisha nyumba. Kampuni yangu ndogo ilifunga mwanzo wa 2020, halafu Covid ikaja. Malipo ya mwezi hayakusimama. Kila mwezi bila kulipa riba iliongeza zaidi ya 400, na adhabu ya kuchelewa juu yake. Katikati ya mwaka deni lilipita 36,000. Tuliuza nyumba wakati ambapo kila mtu alikuwa anauza, tukapata 34,000. Benki ilichukua zote, na nikabaki na deni la dola elfu mbili na kitu. Nilikuwa nimetia 36,000 kwa miaka mitatu na nusu, na nilitoka na godoro. Chama hiki njo kilinilipia miezi miwili ya kodi kule Dilala. Ndiyo maana nasema mbele yenu bila haya.

Munaweza kusema hiyo ilikuwa bahati mbaya yangu. Hapana. Huku bahati yetu yote imefungwa kwa kamba moja. Tarehe 22 ya mwezi wa pili 2025 Serikali ilisimamisha kutuma kobalti inje. Ilipangwa miezi minne, ikaongezwa, na mwezi wa kumi ikageuka mfumo wa kota. Serikali ilikuwa na sababu zake, bei ilikuwa chini sana, na sitaki kuingia siasa. Ninataka muone tu kwamba mtu aliyekopa kwa miaka 15 hapa Lualaba atapita katika mambo kama hayo mara mbili, tatu. Bei ya madini inapanda na kushuka. Tarehe ya benki haishuki.

Kwa wale wanaolipwa kwa faranka, walimu na wauguzi, kuko kamba ya pili. Mikopo mirefu inaandikwa kwa dola. Mwaka 2015 dola moja ilikuwa karibu faranka 920. Mwisho wa 2017 ilikuwa karibu 1,600. Malipo ya dola 400, ambayo yalikuwa faranka 368,000, yakawa 640,000, na mshahara haukufanya vile. Wazee wetu wanakumbuka 1993, wakati zaire milioni tatu za zamani ziligeuka zaire mpya moja. Wenye deni kwa zaire walicheka siku ile. Ndiyo sababu leo hakuna anayekukopesha kwa miaka mingi kwa feza ya inchi.

Sasa udongo. Hapa ninaomba wafadhili wetu wasome kwa makini, maana kule waliko jambo hili halipo. Kwa sheria ya 1973 udongo ni wa Serikali. Sisi tuna haki ya kuutumia, na haki hiyo inashuhudiwa na sertifika ya kuandikishwa peke yake. Karatasi ya chifu au fishi ya kartie haitoshi kwa ipoteki, kwa hiyo wengi watalazimika kwanza kulipa gharama ya kugeuza makaratasi. Halafu, haki isiyo na mwisho wa miaka ni kwa Mkongomani tu, na Katiba ya 2006 inasema uraia wa Kongo ni mmoja na hauchanganywi na mwingine. Ndugu aliyerudi na pasporti ya Ubelgiji, nyumba itaandikwa kwa jina la nani? Mara nyingi ni jina la mdogo wake. Basi yeye analipa miaka 10, na nyumba ni ya mdogo. Wakipatana, vizuri. Mdogo akifa, utaongea na mjane na wajomba.

Na chini ya udongo kuko kile kilichotuleta sisi wote hapa. Munaijua Kasulo: 2014 mtu alichimba kwake akakuta kobalti, kartie nzima ikageuka mashimo, na 2017 familia zikahamishwa kwa ajili ya mine. Munaijua Cité Gécamines na COMMUS. Amnesty iliandika habari zake mwezi wa tisa 2023, pamoja na malalamiko ya watu kwamba walicholipwa hakikutosha kupata nyumba kama ile waliyoacha. Fikiri sasa mtu huyo ana ipoteki. Anayelipa fidia anaangalia ukuta na mabati, haangalii riba uliyokwisha lipa. Na katika mstari wa kupokea, benki iko mbele yako. Kabla ya kupenda nyumba, nenda uulize juu ya pale iko haki ya madini ya nani.

Kwa hiyo nasema nini juu ya barua ya wandugu tisa? Mimi sitapiga kura ya ndiyo. Siwadharau, watatu kati yao ni marafiki zangu, na mmoja tayari ameninunia. Lakini sanduku letu likisimama mdhamini wa watu tisa kwa miaka 15, na mine moja kubwa ikasimama, wote tisa wataanguka mwezi mmoja, na siku hiyo hiyo wanachama wengine mia watakuja kuomba msaada. Mdhamini na mdeni watakuwa wamelala katika kitanda kimoja.

Sipingi kila mkopo. Mkopo mfupi ni mnyama mwingine. Mtu aliyenunua parseli kwa feza yake na likelemba, akapata sertifika, akasimamisha kuta, anakosa paa na milango: achukue 8,000 kwa miaka miwili. Kwa 15 kwa mia analipa 388 kwa mwezi, na riba yote ni kama 1,300. Hiyo inabebeka, na kazi ikikatika unaona mwisho kwa macho. Kujenga pole pole kuna gharama yake, najua: unaendelea kulipa kodi, sementi inapanda, na tofali zinaibiwa usiku. Mimi mwenyewe nimeibiwa tofali 600 mwaka jana. Lakini hakuna aliyeniletea barua ya adhabu juu ya tofali ambazo sijanunua.

Na aliye tayari ndani ya deni refu asikate tamaa. Auliza benki kama inakubali malipo ya zaidi bila adhabu. Kwa mkopo kama wangu, dola 100 za ziada kila mwezi tangu mwanzo zingemaliza deni karibu miaka miwili na nusu mapema, na kuokoa zaidi ya 10,000.

Ninaomba mkutano ukubali mambo mawili badala ya udhamini: feza ya wafadhili isaidie wanachama kupata sertifika, maana hiyo inabaki hata kazi ikiisha, na yeyote anayetaka kutia sahihi kwa benki alete kwanza tablo ya malipo, mwezi kwa mwezi, tuisome naye. Nimeleta tablo yangu ya 2017, kurasa zote. Iko pale karibu na chai. Muanze na mstari wa 36.