Fungu la Mjane

Mtemi Mirambo wa Urambo, aliyefariki mwaka 1884, hakuacha kitabu cha sheria. Desturi ilikaa vinywani mwa wazee. Kule Uingereza, mfalme Æthelberht wa Kent, aliyempokea Mtakatifu Augustino mwaka 597, aliandikisha sheria kwa lugha ya watu wake. Ya kwanza ililinda mali ya Kanisa: mwizi alipe mara 12. Mali ya padre, mara 9, hatukusahauliwa!

Sheria zetu za mila zilipotangazwa kwa maandishi mwaka 1963, mjane hakupewa fungu, maadamu marehemu ameacha jamaa wa ukoo. Watoto wake wamtunze. Na asiye na mtoto? Enyi makatekista, mwendapo matangani, mwulizeni mama huyo atalala wapi baada ya arobaini.