Dago la Wavuvi na Hatima ya Msamiati wa Bahari

Katika mijadala ya uhifadhi wa urithi wa pwani, macho ya wengi huelekea kwenye mawe. Magofu ya Kilwa Kisiwani na Songo Mnara yaliingizwa katika Orodha ya Urithi wa Dunia ya UNESCO mwaka 1981, Mji Mkongwe wa Zanzibar mwaka 2000, na Mji wa Kale wa Lamu mwaka 2001. Banda la mvuvi halimo katika hesabu hiyo.

Dago ni kambi ya muda ya wavuvi walio mbali na kwao. Wavuvi wa Kojani, Pemba, wanajulikana kwa desturi hii: hufuata samaki hadi Unguja, Tanga, Mafia na pwani ya Kenya, wakapiga dago ufukweni. Banda lao ni la fito na makuti. Ndani hulala watu, nje huanikwa ng'onda. Msimu ukiisha, huachwa likaoza. Kwa hiyo, kulihifadhi dago kama gofu ni kulikosea: kinachodumu si mti wala kuti, bali ujuzi wa kulijenga upya, haki ya kuufikia ufukwe, na maneno.

Maneno hayo yamo mashakani. Methali "Tezi na omo, marejeo ni ngamani" ingali ikifundishwa shuleni. Baharia huielewa bila kufasiriwa: tezi ni sehemu ya nyuma ya chombo, omo ni ya mbele, na ngama ni chini ndani ya chombo, yanakokusanyika maji. Mwanafunzi asiyepata kupanda jahazi huijua tezi kuwa ni kiungo cha mwili au uvimbe wa shingoni. Methali imebaki kinywani, maana imezama.

Kamusi ya Sacleux, iliyoanza kuchapishwa mwaka 1939, na utafiti wa Prins kuhusu mabaharia wa Lamu, wa mwaka 1965, viliokoa mengi. Hata hivyo, kamusi hulihifadhi neno likiwa pekee. Dago hulihifadhi likiwa kazini, mkubwa akimwamuru mdogo avute demani.

Mkataba wa UNESCO wa mwaka 2003 kuhusu urithi usioshikika, ambao Kenya iliuridhia mwaka 2007 na Tanzania mwaka 2011, unafungua njia. Vyuo havina budi kurekodi lugha ya wavuvi wakiwa kazini. Nayo mipango ya fukwe, iwe ya hoteli au ya hifadhi, iache mahali pa dago. Ufukwe ukifungwa, darasa nalo limefungwa.