Kesi ya Mzee Isimpite Umri
Hotuba fupi kwa wazee katika baraza



Mzee akienda kortini kudai shamba akiwa na miaka 70, kila kesi inapoahirishwa anapoteza nauli na umri. Mashahidi wake nao wanazeeka. Akifariki, na familia isiombe kuchukua nafasi yake ndani ya mwaka 1, kesi ya madai huanguka.

Niseme wazi: kaunti haiwezi kumwamuru hakimu. Lakini Katiba, Kifungu cha 159, inasema haki isicheleweshwe, na inamtambua aliyetimiza miaka 60 kuwa mzee.

Kwa hivyo, nendeni masjala ya mahakama na kitambulisho na nambari ya kesi. Ombeni kwa maandishi tarehe ya karibu, mkitaja umri. Mgonjwa aambatishe barua ya daktari. Ulizeni pia kuhusu upatanishi chini ya mahakama, unaolenga kukamilika kwa siku 60. Deni lisilozidi shilingi milioni 1 lina Mahakama ya Madai Madogo.

Nanyi vijana, msiwaache wazazi wafuatilie faili peke yao.